Kuonyeshwa na Kuonana: Swali la Kimaadili katika Filamu za Hali Halisi

Utangulizi

Uhakiki wa filamu za hali halisi katika idara za fasihi umezoea kuuliza maswali mawili: je, filamu imesema kweli, na je, imeisema kweli hiyo kwa usanii? Maswali hayo yana uzito wake. Hata hivyo, lipo swali la tatu ambalo aghalabu huachwa nje, nalo ni la kimaadili kabla ya kuwa la kisanaa: je, mtu aliyesawiriwa katika filamu anaweza kuipokea filamu hiyo?

Chukua mfano wa kubuni. Fundi wa cherehani ambaye ni kiziwi anafuatwa na kamera kwa muda wa miezi sita. Kazi inapokamilika, filamu inaonyeshwa katika ukumbi wa mji wake, na fundi mwenyewe anaketishwa safu ya mbele. Sauti ya msimulizi inaeleza maisha yake. Majirani wanahojiwa na kumsifu. Hadhira inacheka, kisha inatulia, kisha baadhi yao wanafuta machozi. Fundi hakitazami kiwambo. Anageuka nyuma kuzisoma nyuso za watu ili apate kujua ni nini kilichosemwa juu yake. Hapana maandishi chini ya picha, wala mkalimani wa lugha ya ishara. Waandaaji wanaondoka wakiamini kwamba wamemwingiza katika jamii mtu aliyekuwa ametengwa.

Makala haya yanachunguza imani hiyo. Dai lake kuu ni kwamba kumwonyesha mtu si sawa na kumshirikisha, na kwamba filamu huwa chombo cha kuwaunganisha wanajamii pale tu aliyetengwa anapopata nafasi tatu kwa pamoja: nafasi ya kusawiriwa, nafasi ya kuwa na kauli katika utengenezaji, na nafasi ya kuwa hadhira. Nafasi ya tatu ndiyo inayosahauliwa zaidi, na ndiyo kipimo cha zile mbili za kwanza.

Kitenzi kimoja na kauli zake

Kiswahili kina namna yake ya kulipanga tatizo hili. Kitenzi ona hunyambuliwa kikazaa onekana, onyesha, onyeshwa, onea, onewa na onana. Mahusiano ya mtengenezaji filamu, mhusika na mtazamaji yanaweza kupangwa katika kauli hizo. Anayeshika kamera huonyesha; anayesawiriwa huonyeshwa; mtazamaji huona. Kati ya hao watatu, wa pili ndiye pekee anayetajwa kwa kauli ya kutendwa.

Linalovutia zaidi ni umbo la kutendea. Mtu humwonea mwenzake huruma. Aidha, mtu humwonea mwenzake, yaani humdhulumu. Umbo ni lile lile, na kinachotofautisha maana ni nomino inayofuata au kukosekana kwake. Lugha haithibitishi hoja ya kimaadili, lakini huweza kuidokeza. Huruma na dhuluma, hata kama hazilingani, zina jambo moja la pamoja: katika zote mbili anayetenda yuko upande mmoja tu, na anayetendewa hajaulizwa. Filamu nyingi zinazowahusu watu wenye ulemavu, wazee, wakimbizi na maskini zimekwama katika umbo hili la kutendea. Zimejaa huruma, na bado aliyeonewa huruma hutoka humo jinsi alivyoingia, pasi na kauli.

Kauli iliyobaki ni onana, ya kutendana. Haiwezekani mtu mmoja kuonana. Sharti wawe wawili, na kila mmoja awe mtendaji. Ikiwa filamu inadai kuwa chombo cha ushirikishwaji, basi haina budi kupimwa kwa kauli hii.

Aibu mbili za kihistoria

Historia ya filamu ya hali halisi inaonyesha njia mbili za kushindwa, nazo zilitokea takriban katika miaka ile ile. Mnamo 1935 Arthur Elton na Edgar Anstey walitengeneza filamu ya Housing Problems kuhusu makazi duni ya Stepney, London. Kwa wakati huo lilikuwa jambo geni kwamba wakaazi wenyewe walisimama mbele ya kamera wakaeleza, kwa matamshi na msamiati wao, habari za panya, unyevu na kuta zinazobomoka. Hapo filamu ilipiga hatua ya kweli: maskini alipewa sauti. Hata hivyo, filamu hiyo ilifadhiliwa na chama cha kibiashara cha kampuni za gesi, ambazo zilikuwa na maslahi katika ujenzi wa nyumba mpya zenye majiko ya gesi. Wakaazi walisema ukweli wao, lakini mahali ambapo ukweli huo ungepelekwa palikuwa pameshaamuliwa na wengine. Hii ni aibu ya kwanza: mtu kupewa sauti ili itumike kama ushahidi katika hoja isiyo yake.

Aibu ya pili iko karibu zaidi na Afrika Mashariki. Kati ya 1935 na 1937, mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment ulitengeneza filamu za mafunzo ukiwa na makao yake Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika. Filamu hizo zilisafirishwa zikaonyeshwa sehemu mbalimbali za eneo hili, na sauti yake ilinaswa katika santuri kwa lugha za wenyeji, Kiswahili kikiwemo. Kwa kigezo cha lugha, huu ulikuwa mradi wa ufikivu: mtazamaji alifuatwa alipo, akasemeshwa kwa lugha yake. Mwaka 1939 serikali ya Uingereza ikaunda Colonial Film Unit, na William Sellers, aliyekuwa amefanya kazi ya filamu za afya nchini Nigeria, akaongoza shughuli zake. Sellers alishikilia kwamba Mwafrika hawezi kuifuata filamu ya kawaida. Kwa hiyo picha ziwe ndefu, mwendo uwe wa polepole, mbinu za uhariri ziepukwe. Hapa ufikivu uligeuka kuwa jina la heshima la dharau. Mlango ulipanuliwa kwa sababu aliyekuwa nje alidhaniwa kuwa hana akili ya kuingia.

Kuna kisa kilichosimuliwa na John Wilson na kuenezwa na Marshall McLuhan katika kitabu chake cha mwaka 1962, The Gutenberg Galaxy. Mkaguzi wa afya alitengeneza filamu ya polepole mno kuwafundisha wanakijiji wa Kiafrika jinsi ya kuondoa maji yaliyotuama. Walipoulizwa wameona nini, walijibu kwamba wameona kuku. Waliowaonyesha hawakujua kwamba mna kuku katika filamu ile. Wakaikagua picha kwa picha, wakamkuta: kuku alipita pembeni mwa picha kwa muda wa kama sekunde moja. Kisa hiki kimetumiwa mara nyingi kuthibitisha kwamba watazamaji hao hawakujua kutazama filamu. Kinaweza kusomwa kinyume chake. Watazamaji waliona kilichokuwamo. Aliyetengeneza na kuwaonyesha ndiye ambaye hakuwa amekiona. Wala haielekei kwamba mtu yeyote aliwauliza kabla ni nini katika ua wao kinachostahili kutazamwa.

Ni bora kisa hiki kikumbukwe kila ufikivu unapotajwa. Kumrahisishia mtu njia ya kuifikia kazi ni jambo moja. Kuirahisisha kazi yenyewe kwa kumdhania mtu kuwa duni ni jambo jingine. Kiziwi hahitaji filamu nyepesi. Anahitaji filamu ile ile, kwa ugumu wake wote, katika lugha inayomfikia.

Kuirudisha picha kwa mwenyewe

Waliotambua mapema kwamba picha ni deni linalopaswa kurudishwa hawakuwa wengi. Jean Rouch na Edgar Morin, katika filamu ya Chronique d'un été ya mwaka 1961, waliwaonyesha wahusika sehemu za filamu yao wenyewe, kisha wakaunasa ubishi uliozuka na kuufanya kuwa sehemu ya kazi. Hata hivyo, miaka minne baadaye, mnamo 1965, Ousmane Sembène alimkabili Rouch huyo huyo kwa lawama kwamba filamu zake kuhusu Waafrika zinawatazama kana kwamba ni wadudu. Lawama hiyo inafundisha kwamba mbinu njema haitoshi ikiwa nafasi ya mtazamaji na mtazamwa haijabadilika.

Mfano uliokwenda mbali zaidi ni wa kisiwa cha Fogo, katika jimbo la Newfoundland nchini Kanada. Mnamo 1967 wavuvi wa kisiwa hicho walikuwa wakikabiliwa na uwezekano wa kuhamishwa chini ya mpango wa serikali wa kuvifunga vijiji vilivyotawanyika. Bodi ya Filamu ya Taifa ya Kanada, chini ya mradi wake wa Challenge for Change, ilimtuma mwelekezi Colin Low, akishirikiana na watu wa Chuo Kikuu cha Memorial, akiwemo Donald Snowden. Badala ya filamu moja ndefu yenye msimulizi ajuaye yote, walitengeneza filamu fupi fupi zaidi ya 20, kila moja ikiwa na mazungumzo au tukio moja. Kabla ya mtu wa nje kuzitazama, zilionyeshwa kisiwani, na waliosawiriwa walikuwa na haki ya kukataa sehemu zao zisitumiwe. Watu wa kijiji kimoja, waliokuwa hawazungumzi na wa kijiji kingine kwa tofauti za dini na za mahali, wakasikiliza hoja za wenzao kupitia kiwambo. Kisha filamu zilipelekwa kwa viongozi wa serikali, na jibu la serikali likarudishwa kisiwani kwa njia hiyo hiyo ya filamu. Kisiwa hakikuhamishwa, na chama cha ushirika cha wavuvi kikaanzishwa.

Itakuwa ni kutia chumvi kudai kwamba filamu peke yake ndiyo iliyoleta matokeo hayo. Wavuvi walikuwa wameanza kujipanga kabla ya kamera kufika. Jambo la kuzingatiwa na mhakiki ni mpangilio wa hadhira. Kwa kawaida filamu ya hali halisi hutengenezwa kuhusu watu wa pembezoni kwa ajili ya watu wa kati. Fogo iliupindua mpangilio huo: hadhira ya kwanza ilikuwa wahusika wenyewe, na mtu wa kati akawa wa pili kusemeshwa. Hapo ndipo kauli ya kuonana ilipopata mwili.

Mwili, muda na umbo

Kuhusu ulemavu, filamu mbili za karne hii zinafaa kuchunguzwa pamoja. Ya kwanza ni Notes on Blindness ya Peter Middleton na James Spinney, ya mwaka 2016. Inatokana na kanda za sauti za John Hull, mwanazuoni wa Uingereza aliyepoteza uwezo wa kuona mwanzoni mwa miaka ya 1980 akaamua kurekodi alichokuwa akikipitia. Waigizaji wanaonekana wakitembeza midomo, lakini sauti inayosikika ni ya Hull na ya watu wa nyumbani kwake. Kuna kinaya hapa: sanaa ya picha inaeleza maisha yasiyo na picha. Kinaya hicho kingekuwa kejeli iwapo vipofu wangefungiwa nje. Watengenezaji walilielewa jambo hili, wakaandaa pia matoleo yenye maelezo ya sauti na yenye usanifu wa sauti uliotayarishwa mahsusi kwa wasioona. Kwa namna hiyo ufikivu haukuwa kiraka kilichoshonwa baada ya vazi kukamilika. Uliingia katika ukataji wa kitambaa.

Ya pili ni Crip Camp ya mwaka 2020, iliyoelekezwa na Nicole Newnham na James LeBrecht. LeBrecht, anayetumia kiti cha magurudumu, alikuwa mmoja wa vijana waliohudhuria Camp Jened katika jimbo la New York mnamo 1971, kambi ambayo filamu inaizungumzia. Sehemu ya picha za kambi hiyo zilichukuliwa wakati huo huo na kikundi cha People's Video Theatre, na vijana wenyewe walipata nafasi ya kuishika kamera. Filamu inafuatilia jinsi baadhi yao, pamoja na Judith Heumann, walivyokuja kushiriki katika kukalia jengo la serikali mjini San Francisco mwaka 1977 kwa zaidi ya wiki tatu, hadi kanuni za kuzuia ubaguzi dhidi ya watu wenye ulemavu zikatiwa saini.

Katika picha za kambini mna tukio moja dogo lenye falsafa nzito. Vijana wameketi wakijadili wazazi wao. Msichana mmoja, ambaye matamshi yake ni magumu kufuatwa na asiyeyazoea, anaanza kusema. Anachukua muda mrefu. Hakuna anayemkatiza wala kummalizia sentensi. Alipokwisha, mwenzake anajaribu kueleza alichosema: anazungumzia haki ya mtu kuwa faraghani. Hadhira iliyozoea kasi ya kiwambo hulazimika kungoja pamoja na kikundi. Tukio hili linaonyesha kwamba ufikivu si suala la vifaa peke yake. Ni suala la muda. Kila mhariri wa filamu hukata kimya na kigugumizi, na kila mkato wa aina hiyo ni uamuzi wa kimaadili kuhusu nani anastahili kungojwa.

Mlango na nyumba

Methali husema nyumba njema si mlango, fungua uingie ndani. Hekima yake inategemea dhana kwamba mlango unafunguka kwa kila anayeusukuma. Kwa aliye katika kiti cha magurudumu mbele ya ngazi tatu, mlango ndio nyumba yote.

Nchini Kenya sheria imekwisha kulitambua jambo hili. Mkataba wa Umoja wa Mataifa kuhusu Haki za Watu Wenye Ulemavu, wa mwaka 2006, ambao Kenya iliuridhia mwaka 2008, unazungumzia waziwazi katika ibara ya 30 haki ya kuzifikia filamu, tamthilia na vipindi vya televisheni katika maumbo yanayofaa. Katiba ya mwaka 2010, katika ibara ya 7, inaitaka serikali kukuza Lugha ya Ishara ya Kenya na Breli, na ibara ya 54 inampa mtu mwenye ulemavu haki ya kuzitumia. Kabla ya hapo, Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya mwaka 2003 ilivitaka vituo vya televisheni viweke ukalimani wa ishara au maandishi katika habari, vipindi vya elimu na vipindi vya matukio ya kitaifa. Tazama mpaka uliochorwa na sheria hiyo: habari, elimu na matukio ya kitaifa. Kiziwi alitambuliwa kuwa mtu anayehitaji kuarifiwa na kufundishwa. Kwamba anaweza pia kuhitaji kucheka, kubishana na msanii, au kukinai filamu mbovu, halikutajwa.

Aidha, kuna desturi moja ambayo uhakiki wa Kiswahili haujaitilia maanani. Filamu ya Kenya inayosema Kiswahili au Kigiriama huwekewa maandishi ya Kiingereza bila mjadala, kwa kuwa itapelekwa kwenye matamasha ya ng'ambo. Gharama hiyo huonekana kuwa sehemu ya lazima ya kazi. Maandishi ya Kiswahili kwa ajili ya kiziwi wa Kilifi au Kakamega yanapotajwa, gharama hugeuka kuwa kikwazo. Si fedha pekee inayoamua hapa, maana utaratibu wa kuandika chini ya picha ni ule ule. Kinachoamua ni nani aliyewaziwa kuwa hadhira.

Pingamizi tatu

Pingamizi la kwanza ni la usanii: inadaiwa kwamba maandishi, dirisha la mkalimani na maelezo ya sauti huichafua picha. Hoja hii haina nguvu mbele ya msomi wa ushairi wa Kiswahili. Vina na mizani ni vikwazo, na mgogoro wa wanamapokeo na wanausasa ulidumu miaka mingi kwa sababu pande zote zilijua kwamba kikwazo huweza kuzaa umbo. Maelezo ya sauti nayo si mageni. Katika vibanda vya video vya Kenya, Uganda na Tanzania, wasimulizi wamekuwa wakizifasiri filamu za kigeni papo kwa papo, wakieleza kitendo, wakitania, wakiongeza kionjo. Hiyo ni kazi ya fanani na hadhira yake. Maelezo kwa wasioona ni tanzu ndugu, yenye masharti makali zaidi ya uaminifu.

Pingamizi la pili ni la ukweli: ikiwa mhusika ana haki ya kuikataa picha yake, je, filamu haitakuwa propaganda? Pingamizi hili ni zito, na mfano wa Fogo haulimalizi. Waziri aliyefuja fedha za umma hastahili haki ya kufuta ushahidi. Pengine tofauti ijengwe juu ya mamlaka: kadiri mtu alivyo na uwezo wa kujieleza kwa njia nyingine, ndivyo haki yake ya kuizuia picha inavyopungua, kadiri filamu inavyokuwa njia pekee ya yeye kujulikana, ndivyo haki hiyo inavyoongezeka. Kanuni hii haiondoi ugumu wa kila kisa, lakini inabainisha upande ambao shaka inapaswa kuegemea.

Pingamizi la tatu ni la sitara. Katika utamaduni wa Waswahili, kumsitiri mtu ni wema, na kumwanika ni ubaya hata kama kinachoanikwa ni kweli. Filamu ya The Letter ya Maia Lekow na Christopher King, ya mwaka 2019, inaishi ndani ya ugumu huu: inahusu bibi mzee wa pwani ya Kenya anayetuhumiwa uchawi, ambapo tuhuma zenyewe zinafungamana na ardhi. Kumtoa mtu kama huyo kizani kunaweza kumkinga. Kunaweza pia kumzidishia macho. Ushirikishwaji usiojumuisha haki ya kukataa kuonekana ni aina nyingine ya kuonea, na kwa sababu hiyo ridhaa haiwezi kuwa sahihi moja ya siku ya kwanza. Inahitaji kuulizwa upya mhusika anapoitazama, anapoisikia au anapoelezwa kazi iliyokamilika. Hapo nafasi ya tatu inadhihirisha umuhimu wake: asiyeweza kuipokea filamu hawezi kuiridhia.

Hitimisho

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba ufikivu ni suala la maana ya filamu, wala halipaswi kuachiwa mafundi baada ya uhariri. Filamu inayomhusu kiziwi isiyomfikia kiziwi imebadilisha maana yake: imekuwa mazungumzo ya wanaosikia kuhusu mtu asiyekuwapo, hata kama ameketi safu ya mbele.

Kwa wahakiki na wanafunzi wa uzamili, jukumu linalofuata ni la kazi za mikono. Anayeandika maelezo ya sauti analazimika kuamua, ndani ya sekunde chache, kama mwanamke aliye kwenye picha analia au macho yake yamemwagika maji tu; kama mzee amekunja uso kwa hasira au kwa jua. Huo ni uhakiki, na sekunde zake hazirudi. Kiswahili hakijawa na istilahi zilizokubalika kwa kazi hii, wala mwongozo wa jinsi ya kuyaandika maandishi ya chini ya picha kwa msomaji ambaye lugha yake ya kwanza ni ya ishara. Idara zinazofundisha tafsiri na nadharia ya fasihi zina wataalamu wa kuanza, na viziwi na vipofu waliomo vyuoni ndio wanaopaswa kuwa wahariri wa kwanza wa majaribio hayo.

Fundi wa cherehani wa mfano ule bado amegeuka nyuma anazisoma nyuso. Kilichobaki ni kumpa sababu ya kukitazama kiwambo, na baada ya hapo kumsikiliza atakaposema kwamba filamu haikumpendeza.